Jinsi ya kutunga falsafa ya mtazamo na ukweli kwenye dunia yako ya fantasi

Kama unaandika fantasi, au unaendesha gemu la kusimulia na wenzako, ipo siku utataka watu wa dunia yako wawe na falsafa yao wenyewe kuhusu ukweli, na hapo wengi wetu tunaishia palepale: mzee mwenye ndevu nyeupe juu ya mlima anamwambia kijana "kila mtu ana ukweli wake", kijana anainamisha kichwa, sura imeisha. Mi nilishaiandika hiyo, kurasa kumi na kitu, nikampa rafiki yangu asome. Akaniuliza swali moja tu. Sasa kwa hao watu wako, mtu akiibiwa mtumbwi inakuwaje? Manake mwizi naye si ana ukweli wake. Sikuwa na jibu, nikakaa na hilo swali wiki nzima alafu nikafuta kurasa zote, na karibu kila ninachokuandikia hapa kimetokana na huo mtumbwi.

Anza na kitu kinachoonekana, mafundisho yatakuja yenyewe

Watu huanza kujiuliza kuhusu ukweli pale macho yao yanapowachanganya. Ukisoma Sextus Empiricus, yule aliyekusanya hoja za Wagiriki waliokuwa wanasita kuhukumu jambo lolote, unakuta mifano yake ni ya kawaida kabisa, mnara uleule ukiuona kwa mbali ni wa mviringo, ukiusogelea una pembe nne, na kasia likiwa ndani ya maji linaonekana limepinda, ukilitoa limenyooka. Basi kazi yako ya kwanza ni kutafuta mnara na kasia la dunia yako, na hapa ndo raha ya fantasi ilipo kwasababu unaweza kulikuza hilo jambo mpaka mji mzima uishi ndani yake. Labda jua halisogei, kwahiyo kuna watu wamezaliwa na kuzeeka upande wa kivuli wa ukuta na hawajawahi kuuona upande wa pili. Labda kuna bonde ambalo sauti inafika siku moja baada ya kusemwa. Chagua kimoja tu, usirundike, manake ukiweka vitatu hakuna hata kimoja msomaji atakachokaa nacho.

Mimi nilichagua ziwa. Katikati ya ziwa kuna kisiwa chenye jabali, na mkondo unaokizunguka ni mkali kiasi kwamba hakuna chombo kinachofika. Kuna miji minne pembeni. Wa mashariki wanaona mwanamke aliyekaa amejitanda. Wa magharibi wanaona jino lililovunjika. Wa kaskazini wana maporomoko karibu kwahiyo wanachoona siku zote ni weupe wa ukungu, na wapo kabisa wanaoamini hamna kitu pale. Wa kusini wanaona majabali mawili, na wanaapa kwa mama zao kwamba ni mawili. Unaona, sijaweka hata neno moja la falsafa na ugomvi tayari upo.

Amua mapema kama kuna anayeona chote

Hii ndo hatua watu wanairuka na ndo inayoangusha kila kitu baadae. Hadithi ya vipofu na tembo unaijua, kila kipofu anashika sehemu moja ya tembo alafu wanabishana yukoje, imo kwenye maandiko ya Kibudha, Wajaini (wafuasi wa Ujaini, dini ya kale ya India) wanaitumia, na Rumi, mshairi wa karne ya 13, aliigeuza akamweka tembo kwenye nyumba yenye giza na watu wanampapasa kwa viganja. Ni hadithi nzuri sana. Lakini iangalie vizuri: anayeisimulia yeye anamwona tembo. Angekuwa naye yumo gizani asingeweza kukwambia kwamba huyu kashika sikio na yule kashika mguu, yeye mwenyewe angekuwa ameshika kipande chake na anabishana na wenzake.

Kwenye dunia ya kawaida hilo ni swali la wanafalsafa. Kwenye fantasi ni swali la plani ya stori, manake unaweza ukawa na miungu, majoka, waganga wenye kioo kinachoona mbali, na msomaji mwenye akili atauliza kwanini watu wa mji wasiende tu kumuuliza huyo joka. Lazima uwe na jibu. Ama hayupo anayeona chote, ama yupo na hasemi, ama yupo, anasema, na bado haisaidii. Mi nilichukua la tatu na sijajuta. Ziwa lina mungu wake, anakaa juu kabisa, anaona miji yote minne kwa wakati mmoja, na ukimuuliza jabali likoje anajibu bila kuficha kwamba ni duara. Kutokea juu ni duara. Hajawahi kuuona uso wa yule mwanamke, na wazee wa mashariki wanamhurumia kwa hilo, kila mwaka wanapanda mnarani kumwelezea unavyofanana. Hilo wazo lilivyonijia nilijua falsafa imeshapata moyo wake, kwamba hata aliye juu kuliko wote naye kasimama mahali.

Chagua dai lao, alafu liache lishambuliwe

Sasa wanasemaje kuhusu ukweli? Unazo njia kadhaa na zinatofautiana sana, usizichanganye kwenye chungu kimoja ukaita "hekima".

Njia ya kwanza ni ya Protagoras, Mgiriki wa karne ya 5 kabla ya Kristo, kwamba mtu ndiye kipimo cha vitu vyote, upepo ukikuwia baridi basi kwako ni baridi, mwenzako akiona joto basi kwake ni joto, na mazungumzo yameishia hapo. Tatizo Plato aliliona mapema: kama kila anachoamini mtu ni kweli kwake, basi wapo wanaoamini Protagoras kakosea, na kwa kanuni yake mwenyewe nao wako sahihi. Ukiwapa watu wako falsafa hii weka na huyo mpinzani, asiwe mjinga, ampe mwalimu shida ya kweli mbele ya wanafunzi.

Njia ya pili ni ya wale wa Sextus: hoja zikilingana nguvu pande zote, acha kuamua, tulia, ishi kwa kufuata mambo yanavyoonekana na desturi za mahali ulipo. Hii inakutengenezea wahusika watulivu sana, ila ujue ni vigumu kuwapa jeshi, mahakama au mapinduzi.

Ya tatu ni ya Wajaini, na kwa mtunzi nadhani ndo yenye utajiri zaidi. Wanasema kitu kina pande zisizohesabika, kwahiyo kila kauli inatanguliwa na neno syat, ambalo maana yake ni kama "kwa namna fulani", na kauli zenyewe zipo saba: kwa namna fulani kipo, kwa namna fulani hakipo, kwa namna fulani kipo na hakipo, kwa namna fulani hakisemeki, na kuendelea kwa kuunganisha hizo. Watu wengi wakisikia hivyo wanadhani ni kusitasita, sivyo. Ni usahihi. Anayesema "kwa namna fulani" hajalegea, anakudai umwambie ni namna ipi.

Mi niliegemea hiyo ya tatu, alafu nikaongeza kitu ambacho naomba ukijaribu sa hivi hapo ulipo. Nyoosha mkono, simamisha dole gumba, fumba jicho moja, fumbua, fumba la pili. Gumba linaruka. Macho yako mawili hayakubaliani, na huko kutokukubaliana ndiko kunakokwambia gumba liko umbali gani. Mwaka 1838 Friedrich Bessel, mtaalamu wa nyota wa Kijerumani, alipima umbali wa nyota iitwayo 61 Cygni kwa njia hiyohiyo, badala ya macho mawili akatumia dunia ikiwa upande huu wa jua na ikiwa upande ule, nyota ikaonekana imesogea kidogo mno, na kutokana na hako kadogo akapata umbali ambao haujawahi kutembewa na mtu. Angekuwa na mtazamo mmoja tu asingepata kitu. Kwahiyo nilipotunga falsafa ya ziwa niliamua isiwe ya kusameheana kwamba "sawa we unaona hivyo na mi naona hivi". Iwe ya kuitumia tofauti. Wazee wao wa kwanza hawakuwa watawa, walikuwa wapimaji wa ufukweni, waliojua kisiwa kiko umbali gani kwasababu mji wa mashariki na mji wa kusini walikuwa hawakubaliani. Mji ambao wote wanaona sawasawa kwao ni mji wenye jicho moja.

Ipe lugha, na lugha yetu inakusaidia sana

Hapa nitakaa kidogo manake ndipo ninapopapenda. Unaweza kubuni lugha nzima ya kigeni ukipenda, lakini kama unaandika Kiswahili una vitu mkononi ambavyo wenzetu wa lugha nyingine itabidi wavitengeneze. Chukua neno msimamo. Sisi tunalitumia kwa maana ya maoni ambayo mtu hayumbi nayo, lakini mzizi wake ni kusimama. Kwa watu wa ziwa nililirudisha kwenye miguu. Ukimuuliza mtu "msimamo wako?" hakujibu anachoamini, anakujibu mahali: jiwe la tatu kutoka gatini, jua mgongoni. Baada ya hapo ndo anasema alichoona. Kusema ulichoona bila kutaja msimamo ni kukosa adabu, mtoto anakanywa kama aliyeongea na chakula mdomoni.

Alafu kuna -po, -ko na -mo. Mtaani siku hizi tunazichanganya, nipo na niko tunasema yoyote inayokuja, lakini tofauti ipo: kipo ni pale hasa ninapopajua, kiko ni huko kwa jumla bila kupabana, kimo ni ndani. Watu wa ziwa wanazitumia kwenye ukweli wenyewe na hawachanganyi kamwe. Ukweli *upo* kama unaweza kumpeleka mwenzako akasimama palepale akaona. Ukweli *uko* kama una sababu ya kuamini lakini hujui usimame wapi ili uonekane, mfano ni upande wa nyuma wa jabali usioelekea mji wowote. Ukweli *umo* kama unaonekana kutokea ndani tu, maumivu ya jino, nia, kumpenda mtu. Silabi moja inabeba kiasi ambacho mtu anajua na anajuaje. Mhusika akihama kutoka "upo" kwenda "uko" katikati ya ushahidi, msomaji uliyemzoesha atashtuka kabla hujamweleza chochote, na huo mshtuko huwezi kuupata kwa hotuba ya mzee wa mlimani.

Sasa rudi kwenye mtumbwi

Falsafa isiyo na desturi ni maneno tu, kwahiyo wape kitu cha kufanya na miili yao. Kwenye monasteri za Kitibeti mdahalo una sheria za mwili, anayetetea hoja amekaa chini, anayemhoji amesimama, na akirusha swali anapiga kofi kwa nguvu na mguu unashuka chini. Mtu akiona mara moja hasahau. Watu wako nao wanataka kitu cha namna hiyo.

Wangu wana kanuni moja kwenye mashauri: huruhusiwi kumpinga shahidi mpaka usimame alipokuwa amesimama, saa ileile, useme kwa sauti unachokiona wewe. Basi nikaandika kesi. Mji wa magharibi, mtumbwi umeibiwa jioni, shahidi ni mama mmoja anayesuka nyavu. Anasema: jiwe la tatu kutoka gatini, jua mgongoni, macho yangu mawili, nilikuwa na njaa. (Njaa wanaitaja, wanajua inabadilisha mtu.) Nimemwona mwanaume wa nguo nyekundu anafungua kamba. Mwenye nguo nyekundu kijijini ni mmoja, anakamatwa, anakataa. Hakuna anayemwambia "huo ni ukweli wako na ule ni wake". Wanasubiri jioni. Jua linashuka nyuma ya mji, mshtakiwa anapandishwa kwenye jiwe la tatu, anaangalia gatini anakuta kuna shuka limeanikwa kwenye mti. Anasema, naona shuka jekundu. Wanaenda wote mpaka kwenye mti, wanalishika, ni jeupe. Mwanga wa jua la kuzama umelipaka.

Yule mama hakudanganya, na hakukosea kuhusu alichokiona. Mshtakiwa naye hakudanganya. Na mwizi? Mwizi kavaa nyeupe, na sasa wanajua wamtafute nani. Hilo ndo jibu nililokuwa sina siku ile: mwizi ana msimamo wake kama mtu yeyote, ila mtumbwi una mahali ulipo, na misimamo inakusanywa ili mtumbwi upatikane. Ukiandika kesi kama hii kwa dunia yako, hata kama haitaingia kwenye kitabu, utagundua haraka kama falsafa yako inasimama au ni mapambo.

Igawe

Hakuna falsafa iliyodumu bila kugawanyika, na mahali pazuri pa kuigawa ni pale kanuni yake inaposhindwa kufika. Kwangu ni kwenye "umo". Kama sheria ni kusimama alipo mwenzako, ndani ya mwenzako utasimamaje? Kundi la kwanza linasema haiwezekani, kwahiyo mahakama isiguse nia ya mtu kabisa, na matokeo yake ni makali, aliyeua kwa kusudi na aliyeteleza akamwangukia mwenzie wanahukumiwa sawa. Kundi la pili wana watu wanaoitwa waingiaji. Mwingiaji anavaa nguo za marehemu, analala kitanda chake siku saba, anafanya kazi zake, anagombana na jirani aliyegombana naye, alafu anapelekwa mahakamani aseme kilichokuwemo. Kundi la kwanza wanaona huo ni uongo unaovaa nguo za maiti. La pili wanasema wenzao wameacha nusu ya ukweli nje ya mlango kwasababu hawana pa kuweka miguu. Mi mwenyewe naegemea la pili lakini nilijilazimisha kulipa la kwanza mtu bora zaidi kwenye stori nzima, na nakushauri ufanye hivyo, kundi usilolipenda lipe mwakilishi mwenye moyo.

Na usisahau vipofu. Falsafa zetu nyingi za mtazamo zimejaa macho tu, lakini msimamo wa asiyeona upo, una harufu, mwangwi, upepo shavuni. Kwa watu wa ziwa, wa kaskazini waliokulia kwenye ukungu ndio wanaothamini ushahidi wa kipofu kuliko wote, na jambo la usiku hawalisikilizi bila yeye.

Alafu iharibu kidogo, kama watu wanavyoharibu vitu. Wenye mali watanunua mawe mazuri ya kusimamia na kutoza wanaopanda. Wapo watakaojifunza kutaja msimamo kwa ufasaha bila kuwahi kusimama pale, na hao wana tusi lao, wanaambiwa wana miguu mdomoni. Matusi ni muhimu, tunga hata mawili, manake yanaonyesha watu wanaogopa nini.

Uchawi nao, kwa kifupi: kama dunia yako ina uganga wa kutambua ukweli, amua sasa hivi unatambua nini hasa. Uganga unaotambua uongo utampitisha yule mama wa nyavu bila shida, na shuka litabaki jekundu. Unaotambua mambo yalivyo bila kuuliza kutokea wapi utaiua falsafa yote kwa ukurasa mmoja, kwahiyo usiuweke.

Kuiingiza kwenye stori

Usimpe mtu yeyote hotuba. Weka falsafa kwenye salamu, kwenye kiapo, kwenye mchezo wa watoto (wangu wanacheza wamefungwa vitambaa, kila mmoja anaelezea sauti moja mpaka wajue ni nini). Msomaji akutane na "msimamo wako?" mara nne tano kwenye mambo madogo kabla haijatokea kwenye jambo la kufa na kupona.

Na kabla hujaanza sura ya kwanza fanya zoezi hili kwenye daftari. Chukua tukio moja la dunia yako, dogo tu, mlango umefungwa kwa nguvu usiku. Liandike kutokea kwa watu watatu, kila mmoja ataje kwanza kasimama wapi, mwanga ukoje, mwili wake ukoje. Usiamue mwanzoni nani yuko sahihi. Ukimaliza, tafuta kitu ambacho hakimo kwenye maelezo ya mtu yeyote kati ya hao watatu ila kinapatikana ukiwaweka pamoja, mfano kwamba mlango ulifungwa kutokea nje. Kama umekipata, anza kuandika. Kama hujakipata, rudi ufukweni kwako uongeze mtu wa nne.